Maneno Niliyoyatia Katika Filamu Bubu

Bwera, Jumatatu, mwezi wa kumi na moja

Hapa chini hakuna mvua. Jua lipo, ila ni jua la rangi ya chai iliyopoa, na mlima umejifunika tangu jana alfajiri. Mawingu yaliyo juu yake hayasogei. Yameketi kama wageni walioleta habari mbaya na wanaongoja kwanza waonyeshwe viti.

Naandika barazani, kwa kidole kimoja, katika simu aliyoniachia mwanangu wa kiume alipohamia Kampala. Nawaomba radhi wasomaji wangu wachache. Mmezoea nikiwaandikia habari za nyuki, za vitabu vya sala, na za marehemu mke wangu Kabugho, ambaye nimemsifu hapa mara nyingi huku nikiacha jambo moja bila kulisema.

Leo nalisema.

Nilikuwa nimekusudia kueleza tu filamu tuliyoonyeshwa jana. Nitaieleza, maana bila hiyo nisingefika hapa.

Filamu yenyewe ni ya Kiitaliano, fupi, ya dakika ishirini hivi. Imeletwa na dada mmoja wa nchi hiyo, msanii, mpole sana, ambaye husafiri na mashine yake ya kuonyeshea picha ndani ya sanduku la bati. Ijumaa aliionyesha Kasese mjini. Jana, baada ya Misa ya pili, ikawa zamu yetu hapa Bwera, katika ukumbi wa parokia. Madirisha yalizibwa kwa maturubai ili mchana uwe giza.

Padre alikuwa amekwisha kutangaza kanisani kwamba filamu itafasiriwa na Mzee Thembo, ndiye mimi. Kiitaliano changu nilikipata kwa mapadri walionilea, katika karakana yao ya useremala, kwa hiyo ni Kiitaliano cha misumari, gundi na Rozari. Nilikubali kwa sababu nilisifiwa mbele ya watu. Naomba radhi kwa hilo pia.

Nieleze kwa walio mbali. Huku kwetu mtu hatazami filamu ya kigeni bila vijei, yaani yule anayeketi kando ya skrini na kipaza sauti, akifasiri maneno ya waigizaji, na pale asipoyajua, akiyatunga. Kila kibanda cha video kina vijei wake. Filamu bila vijei ni bundu, ugali wetu wa muhogo, bila mboga. Inapita kooni, lakini kwa shida.

Dada yule alikuwa ameandika katika barua yake kwamba filamu haina maneno. Padre aliisoma barua hiyo, nami niliisoma. Sote wawili tulidhani anamaanisha kwamba ina maneno machache.

Halikuwamo hata moja.

Palikuwa na nyumba ya mawe, mlimani kwao, na mzee mmoja mezani. Palikuwa na kikombe, na pazia, na mkono wa mzee ukipapasa ukuta kana kwamba unatafuta mlango uliozibwa zamani. Kamera ilikuwa ikikaa juu ya kitu kimoja mpaka mtu aanze kukiogopa. Kile kikombe kilikaa peke yake skrini nzima kwa muda wa kusali Baba Yetu tatu. Hakikuanguka. Ingekuwa nafuu kama kingeanguka. Na chini ya hayo yote ilisikika sauti ya mto usioonekana, unaopita nje ya dirisha.

"Mzee, iko nasema nini?" mtu akauliza gizani.

"Hasemi kitu," nikajibu katika kipaza sauti. "Anafikiri."

"Iko nafikiri nini? Tulileta watoto bure?"

"Vijei amelala," akasema kijana mmoja kutoka benchi la nyuma, walipokaa wachimba mchanga wa mtoni. "Muamushe. Ule mutu anataka chai yake, kikombe iko mutupu."

Watu wakacheka. Nikamsikia mkwe wangu Muhindo, mume wa binti yangu Masika, akimnyamazisha mwenzake kwa adabu: "Muwache mukwe wangu. Yeye ni mutu wa kanisa, hajazoea."

Nilitia maneno madogo hapa na pale. Nilisema, "Anakumbuka ujana wake." Nilisema, "Anasikia baridi." Wakatulia kidogo.

Kisha sauti ya mto ikakatika.

Picha iliendelea. Pazia lilitikisika. Lakini mto haukusikika tena, na kwa mara ya kwanza kamera ikatuonyesha kile kilichokuwa nje ya dirisha: maji yakipungua, na mawe yakijitokeza moja baada ya jingine, meusi, yenye kung'aa, kama vichwa vya watu wanaoamka.

Kwanza nilidhani ni masikio yangu. Hili nalo sijapata kumwambia mtu. Sikio langu la kushoto limekufa tangu mwaka juzi, na la kulia linalifuata polepole. Nikagonga kipaza sauti kwa ukucha. Nikasikia mlio wake. Kumbe si mimi. Ni mto.

Mzee wa kwenye skrini akakunja mikono yake mezani, akafumba macho, na uso wake ukalainika. Niliutambua uso ule. Ni uso wa mtu anayedhani amepewa amani.

"Sasa iko nasema nini?" akauliza mama mmoja wa benchi la mbele, taratibu, bila mzaha.

Nikafungua kinywa niseme hasemi kitu. Nikasema: "Anamwambia mkewe, maji yamepungua. Nenda sasa ukachukue yale mablanketi."

"Muke wake iko wapi? Hatumuone."

"Yuko jikoni. Anasema, ngoja kwanza niwashe moto. Mume anamwambia, moto utangoja, nenda sasa. Tazama Mungu alivyotupa utulivu."

Sasa swali likatoka benchi la nyuma.

"Na ile mawe?"

"Mawe yanaonekana kwa sababu mto umezuiwa huko juu. Mlima umebomoka. Udongo na miti vimeziba njia, na maji yanajikusanya nyuma yake. Yeye hajui. Anasoma sala yake ya asubuhi."

"Basi umuambie," yule mama akasema. "Umuambie amuite muke wake arudi."

"Siwezi, mama," nikasema. "Ameshafika chini."

Skrini ikawa nyeupe, ikabaki nyeupe. Huo ndio uliokuwa mwisho wa filamu. Hakuna aliyeinuka mpaka maturubai yaliposhushwa na mchana ukaingia.

Dada mwenye filamu alinijia akaniuliza niliwaambia nini watu wale, maana aliona mama mmoja akilia. Nikamweleza, kwa Kiitaliano changu cha misumari, na nikamwomba msamaha kwa kuongeza kitu katika kazi ya mikono yake. Hakukasirika. Alisema mahali pale alipaacha patupu makusudi, ili kila mtu atue mzigo wake. Akanishukuru kwa mikono yote miwili.

Nilitamani anikemee.

Usiku sikulala vizuri, lakini usiku hauna la kusimulia. Nije leo asubuhi.

Masika alikuja na uji, kama kila siku. Yeye na Muhindo na watoto wao wanaishi katika uwanja huu huu, hatua thelathini kutoka barazani kwangu, na mto Lhubiriha uko chini yetu sote. Masika huzungumza nami Kikonzo. Hapa nafasiri, na safari hii siongezi kitu.

"Baba," akasema, "jana nilikaa mbele. Niliitazama filamu yote."

"Ahsante kwa kuja, mwanangu."

"Hapakuwa na mablanketi."

Uji ulikuwa ukitoa mvuke. Niliutazama mvuke huo.

"Baba. Hapakuwa na mke, wala jiko, wala blanketi. Uliyatoa wapi?"

Ni mwaka wa tisa sasa. Watu wa hapa wanajua kwamba Kabugho alichukuliwa na mto asubuhi ya siku ya soko la mpakani, wakati bonde lilikuwa tupu na kila mwenye miguu alikuwa amekwenda Mpondwe. Wanajua kwamba alikuwa amefua mablanketi siku iliyotangulia, akayaanika juu ya mawe ya ng'ambo, kisha mto ukajaa jioni akashindwa kuyafuata. Wanajua kwamba asubuhi aliteremka kuyachukua. Siku za matanga walisema, Kabugho alikuwa jasiri mno, hakuogopa maji, hakusikia la mtu. Walilisema mbele yangu, kwa upendo, ili kunifariji.

Nami nilitikisa kichwa kukubali.

Wasichojua ni kwamba niliamka kabla yake, nikaketi hapa hapa na kitabu changu cha sala, na mto ukanyamaza. Ulikuwa ukinguruma, kisha haukunguruma. Nilisikia kuku wa jirani wakiparua. Nilisikia pumzi yangu. Nami nililelewa na shule mbili, zote mbili zikanifundisha jambo moja. Babu zangu walinipandisha mlimani nikiwa mdogo wakaniambia, huku hatupazi sauti, ukimya ni heshima ya mwenye mlima. Mapadri wakanikalisha kanisani wakaniambia, nyamaza, Mungu huzungumza katika ukimya. Kwa hiyo asubuhi ile niliposikia ukimya, sikushtuka. Nilishukuru. Nilifunga kitabu, kidole kikiwa ndani, nikamwita mke wangu, nikamwambia, maji yamepungua, nenda sasa.

Alitaka kuwasha moto kwanza. Nilimwambia moto utangoja.

Nilirudi katika sala. Nilikuwa sijageuza ukurasa mto uliporudi. Haukurudi kama mto. Ulirudi kama ukuta, na miti ikisimama ndani yake.

Baada ya wiki kadhaa, watu waliokuwa wamepanda juu walileta habari ya kovu jekundu ubavuni mwa mlima, mahali ambapo udongo uliporomoka ukauziba mto kisha ukaachia. Walisimulia kama kitu cha ajabu. Mimi peke yangu niliunganisha kovu lile na ukimya ule, kwa sababu mimi peke yangu niliusikia. Nikakaa na ukimya huo.

Hayo ndiyo niliyomwambia Masika asubuhi, kwa maneno machache zaidi.

Akauliza, "Ulimwambia aende?"

"Nilimwambia."

"Yeye alitaka kwenda?"

"Alitaka kuwasha moto."

Kisha akasema, bila kupandisha sauti, "Miaka tisa nawaambia watoto wangu wasiwe wabishi kama nyanya yao." Akachukua kikombe changu, uji ukiwa bado umo, akaondoka nacho.

Sikumwita. Sina haki hiyo.

Lakini kuna jambo baya kuliko hilo, na ndilo linalonifanya niandike leo badala ya kwenda kuungama kwa padre na kuishia hapo. Muhindo na wenzake wanachimba mchanga mtoni. Ndiyo kazi yao, na malori yanakuja kuuchukua. Mto ukijaa, wanakaa juu wakicheza karata. Mto ukipungua ghafla, wanafurahi, wanakimbilia chini na makoleo, maana mchanga mpya umefunuliwa, na anayefika kwanza huchagua mahali pake. Kwa miaka tisa nimeketi barazani nikiwatazama wakikimbia. Kila mara nilijiambia, leo si ile, leo ni kupungua kwa kawaida. Kila mara, hadi sasa, ilikuwa kweli.

Nilichokuwa nimekificha kwa kuwa ni aibu yangu, kumbe ni onyo lao.

Mnamo saa nne Muhindo akaja. Mkwe mwenye adabu hamkabili baba mkwe uso kwa uso, basi alisimama ubavuni, macho yakitazama ndizi. Pamoja naye alikuwa yule kijana mcheshi wa benchi la nyuma, amebeba rimu kuukuu ya lori begani, kama zile zinazotumika kuwa kengele za shule.

"Mukwe," Muhindo akasema, "Masika ameniambia. Ile maneno ya mawe na mulima, ni ya filamu ama ni ya kweli?"

"Ni ya kweli."

"Kwa sababu jana, kabla ya kuingia kwa ukumbi, tulikuwa tunapanga. Mvua iko mulimani. Mto ikijaa halafu ishuke, sisi ndio wa kwanza kuingia."

"Msiingie," nikasema. "Ukishuka polepole, siku mbili, siku tatu, hiyo ni kawaida. Ukinyamaza ghafla wakati mlima umefunikwa, msitazame hata mchanga. Pandeni. Pandeni kwanza, mniulize baadaye."

Yule kijana hakucheka. Alining'iniza rimu kwenye mparachichi wangu kwa mnyororo, akaweka kipande cha nondo chini yake. Alipomaliza alisema, "Vijei, hii ndiyo maikrofoni yako mupya. Hii haitaki Kiitaliano." Kisha akaongeza, kwa sauti ya chini, "Mimi nina mutoto wa miezi mbili, mzee. Usilale."

"Wewe iko hapa siku yote," Muhindo akaniambia. "Ukisikia imenyamaza, unapiga."

Ikanibidi niombe radhi tena. Niliwaeleza habari za masikio yangu. Niliwaambia kwamba siku zangu za kusikia zinahesabika, na kwamba asubuhi nyingine huamka nisiusikie mto kabisa, nikatoka nje kwa hofu, na kumbe upo, unapita, ila mimi ndiye niliyenyamaziwa. Niliwaambia sitaweza kutofautisha. Naweza kuwapandisha bure kila siku mpaka waache kuniamini. Au naweza kuuzoea ukimya wa masikio yangu, na siku ya ukimya wa kweli nikaupokea tena kwa shukrani.

Muhindo alitazama mto. "Basi nani atasikia?"

Walikwenda zao kazini, maana mchanga haungoji. Niliwatazama mpaka vichwa vyao vikapotea chini ya ukingo.

Sasa ni alasiri. Kitambo kidogo baada ya chakula cha mchana, ambacho aliniletea mjukuu badala ya mama yake, Masika alikuja. Alibeba kiti chake na ungo wa maharage. Hakunisalimu. Alikiweka kiti kati yangu na mparachichi, akanipa mgongo, uso akauelekeza mtoni, akaanza kuchambua maharage. Nondo ameiegemeza pajani.

Naandika nikiutazama mgongo wake. Mikono ikisogea, najua kwamba mto unapita. Kwa masikio yangu sina hakika. Kuna kitu kama mvumo, lakini huenda ni damu yangu mwenyewe. Mawingu yamekuwa mazito zaidi upande wa juu. Hapa hakuna hata tone.

Nimefikiri juu ya yule mzee wa kwenye skrini. Hata sasa sijui alikuwa akingoja nini. Nilimpa dhambi yangu mbele ya watu, naye hakuwa na namna ya kukana.

Nimesita hapa kidogo, kwa sababu mikono ya Masika ilisimama.

Aliinua kichwa. Shingo yake ilikaza. Alishika nondo, naye hakugeuka kunitazama, na mimi nikaondoa kidole kwenye simu, nikainuka nusu, nikashika nguzo ya baraza. Sikusikia kitu. Sikusikia kitu chochote. Kuku walikuwa wakiparua, niliwaona wakiparua, sikuwasikia.

Lilikuwa lori. Lilikuwa linapita barabarani kwenda mpakani, limefunika sauti nyingine zote masikioni mwa Masika. Niliona kichwa chake kati ya migomba, na vumbi lake, kisha likapita.

Masika alibaki vile vile, nondo mkononi, kwa muda wa kusali Baba Yetu nzima. Kisha akasema kwa sauti kubwa, bila kugeuka:

"Bado unanguruma, baba."

Akarudi kwenye maharage yake.

Sikumwambia ahsante, kwa kuwa ahsante yangu nimeitumia vibaya katika bonde hili. Nimejiwekea amri moja tu, nami naiandika hapa ili nisiweze kuikana: nisimshukuru Mungu kwa ukimya wowote kabla sijawaona watu wote wakiwa juu. Muhindo na wenzake watapanda jua likikaribia kuzama. Nitawahesabu wakipanda. Wako kumi na mmoja, pamoja na yule mwenye mtoto wa miezi miwili.

Na kesho, mlima usipojifunua, nitakiweka kiti cha pili mwenyewe, mapema, kabla ya uji.